Goti la Akhwari na wiki 21 za Simbu

Tarehe 15 Septemba 2025, kule Tokyo, mtoto wa Mampando, wilaya ya Ikungi, hapa hapa Singida kwetu, alimpita Mjerumani Amanal Petros mstarini kwa tofauti ya sekunde 0.03. Saa iliwaandikia wote wawili muda mmoja, 2:09:48, ikabidi picha ndiyo iamue. Alphonce Simbu akawa Mtanzania wa kwanza kushinda dhahabu ya mashindano ya dunia ya riadha. Mnayajua haya, kila mtu alishayaandika, na wengine walioandika hawajawahi kukimbia hata kulifukuzia daladala.

Mimi nimekwama kwenye namba nyingine. Agosti 2017, London, huyu huyu Simbu alipata shaba ya dunia kwa 2:09:51. Fedha aliikosa kwa sekunde mbili tu, Tamirat Tola wa Ethiopia akaichukua kwa 2:09:49. Sasa angalieni: kati ya shaba na dhahabu kuna sekunde tatu za saa, na miaka minane ya mwili. Sekunde tatu ni za kupiga chafya. Ile miaka minane ndiyo nataka tuiongelee, kwa sababu miaka minane ya mkimbiaji wa marathoni ni magoti, kano za visigino, nyama za paja, ugoko na nyayo. Kwenye magazeti yetu habari za majeruhi ni za Simba na Yanga: fulani nje wiki tatu, fulani atafanyiwa vipimo, fulani ameanza mazoezi mepesi. Mkimbiaji akiumia haandikwi. Haonekani tu, basi, mpaka tumsahau.

Tuanze na hesabu ndogo ya msimu, maana bila hiyo historia yote inayofuata haieleweki.

Ligi Kuu yetu ina timu 16, kila timu inacheza mechi 30. Mchezaji wa Singida Black Stars akiumia enka, akakaa nje wiki sita, atakosa mechi tano au sita hivi, halafu atarudi na zitakuwa zimebaki nyingine nyingi. Mshahara unaendelea kuingia. Timu ina daktari, ina mchua misuli, na ina mwenzake benchi wa kucheza nafasi yake. (Kwa njia, mwezi ule ule wa Septemba 2025 Singida Black Stars walitwaa Kombe la Kagame. Mkoa huu ulikuwa na mwezi wake!)

Mkimbiaji wa marathoni wa kiwango cha dunia ana mechi mbili kwa mwaka. Mbili, akizidi sana tatu. Kila moja inataka maandalizi ya wiki 12 hadi 16, na baada yake mwili unataka wiki mbili, tatu, hata nne za kupumzika. Mfupa ukipata ufa kwa sababu ya kukimbia kupita kiasi, daktari atakwambia ukae wiki sita hadi nane bila kukimbia kabisa, halafu uanze upya taratibu. Piga hesabu mwenyewe. Ufa mmoja, mwembamba kama uzi, unakula nusu ya msimu. Ukitokea wakati mbaya, unakula msimu wote. Na hakuna mshahara wa kukaa benchi, kwa sababu hakuna benchi.

Mkumbuke pia kwamba katika kilomita 42.195 mguu unagonga ardhi zaidi ya mara 20,000, na kila mara unabeba uzito mara mbili au tatu ya uzito wa mwenye mguu. Hiyo ni siku ya mashindano. Kuna na mazoezi, kilomita mia na themanini au mia mbili kwa wiki, wiki baada ya wiki. Ajabu si kwamba wanaumia. Ajabu ni kwamba kuna siku hawaumii.

Sasa historia.

Ukitoka Singida mjini kwa barabara ya Babati, ukapita Mlima Hanang, ukakata kuelekea milimani, unafika Mbulu. Leo ni mkoa wa Manyara, lakini mpaka mwaka 2002 ilikuwa Arusha. Huko ndiko alikozaliwa John Stephen Akhwari mwaka 1938. Habari yake ya Mexico nyote mliisikia shuleni, au kwenye semina ya kuhamasishana kazini, au kwa mhubiri. Naomba tuirudie polepole, kama habari ya jeraha, tuone kama inabaki ile ile.

Ilikuwa tarehe 20 Oktoba 1968. Mexico City iko karibu mita 2,240 juu ya usawa wa bahari. Singida mjini tuko karibu mita 1,500, na watu wa pwani wakija hapa wanalalamika kwamba upepo unawakausha midomo. Ongeza hapo mita 700 nyingine halafu ukimbie. Wakimbiaji 75 walianza. Akhwari hakuwa mtu wa kwenda kutalii, alikuwa mkimbiaji mzuri aliyetarajia kushindana na walio mbele. Hewa nyepesi ikaanza kumkaza misuli. Kisha, karibu kilomita ya 19, kwenye msukumano wa watu wanaogombea nafasi, akaanguka. Goti likajeruhiwa na kuteguka, bega likagonga lami.

Kilomita ya 19! Maana yake zilikuwa zimebaki 23. Hili ndilo huwa tunalipita haraka tunapoisimulia. Tunaruka kutoka kwenye kuanguka mpaka kuingia uwanjani, kana kwamba katikati kulikuwa na mtaa mmoja. Kilomita 23 ni zaidi ya nusu marathoni. Alifungwa bandeji, akaendelea, mara anakimbia, mara anatembea, mara anachechemea. Mamo Wolde wa Ethiopia alishinda kwa 2:20:26. Medali zikatolewa, watu wakaanza kwenda nyumbani kwao. Akhwari aliingia uwanjani jioni, bandeji inaning'inia mguuni, wamebaki watazamaji wachache waliosimama na kumpigia makofi. Muda wake ulikuwa 3:25:27, saa moja na dakika tano nyuma ya Wolde. Nafasi ya 57, ya mwisho kati ya waliomaliza. Alipoulizwa kwa nini hakuacha, akajibu kwamba nchi yake haikumtuma maili elfu tano kuanza mbio, ilimtuma kuzimaliza. (Ukipima kwenye ramani, kutoka Dar es Salaam ni karibu mara mbili ya hapo. Lakini nani anampimia ramani mtu mwenye goti lile?) Mmarekani mmoja mtengeneza filamu za Olimpiki, Bud Greenspan, aliipeleka habari hiyo duniani, na ndiyo maana leo inasimuliwa mpaka na watu wasiojua Tanzania iko wapi.

Wote tunaishia hapo, na mimi ndipo ninapoanza kubishana na simulizi yenyewe.

Ukitoa 57 kwenye 75 unabaki na 18. Watu 18 walijitoa siku ile. Mmoja wao alikuwa Abebe Bikila. Ndiyo, yule yule aliyeshinda Roma mwaka 1960 akiwa peku, akashinda tena Tokyo mwaka 1964 wiki tano hivi baada ya kufanyiwa upasuaji wa kidole tumbo, na siku hiyo akakimbia kuliko mtu yeyote aliyewahi kukimbia marathoni kabla yake. Mexico alifika na ufa kwenye mfupa wa mguu wa kushoto. Baada ya kilomita kama 17 akasimama, akatoka barabarani. Kilomita mbili hivi mbele ya pale aliposimama Bikila, ndipo alipoanguka Akhwari.

Barabara moja, siku moja, miguu miwili mibovu. Mmoja akaacha, mmoja akaendelea. Kwa simulizi tunayoipenda sisi, aliyeendelea ni shujaa, na kwa aliyeacha hatuna neno. Sasa nani atathubutu kumwita Bikila mwoga? Mtu aliyekimbia na kushinda huku mshono wa tumbo haujamaliza hata miezi miwili! Mwenzake wa timu ndiye aliyeshinda siku ile, dhahabu ikabaki Ethiopia. Mwaka uliofuata, 1969, Bikila alipata ajali ya gari akapooza, na mwaka 1973 akafariki. Kwa hiyo ule uamuzi wa kulilinda jeraha haukupata nafasi ya kujibiwa. Hatutaona msimu wake wa 1970 ungekuwaje.

Wa Akhwari tunauona. Julai 1970, michezo ya Jumuiya ya Madola ilifanyika Edinburgh, Scotland. Miezi 21 baada ya Mexico. Akhwari yumo kwenye marathoni, na anamaliza wa tano, kwa saa 2:15:05. Mwingereza Ron Hill ndiye aliyeshinda, kwa 2:09:28.

Nasoma tena: 2:15:05. Ni saa moja, dakika 10 na sekunde 22 pungufu ya muda wa Mexico. Mtu ambaye dunia nzima inamjua kwa kumaliza wa mwisho alikuwa wa tano kwenye Jumuiya ya Madola, enzi zile ambazo muda kama huo ulikuwa muda wa kuheshimika popote. Muulize mtu yeyote hapo ulipo kama anajua. Nimewauliza waandishi wenzangu saba wa michezo, mmoja ndiye aliyejua, na yeye alijua kwa sababu baba yake alikuwa mwalimu wa riadha.

Mimi kwangu Edinburgh ni habari kubwa kuliko Mexico. Mexico jeraha lilimpata, na alilivumilia saa mbili na ushee. Edinburgh maana yake ni kwamba lile goti lilitulizwa, likapona, likajengwa upya taratibu, kilomita juu ya kilomita, mtu peke yake huko Mbulu, hakuna kamera, mpaka likaweza kubeba marathoni ya kasi. Hiyo ndiyo kazi ngumu. Haina picha, ndiyo maana haikusimuliwa. Nchi ikamtunuku medali ya ushujaa mwaka 1983, akaalikwa Sydney mwaka 2000, akawemo kwenye mbio za mwenge wa Beijing ulipopita Dar es Salaam Aprili 2008, na kote huko alipelekwa na Mexico. Edinburgh haikumpeleka popote.

Mtasema, sasa kuna ubaya gani? Simulizi nzuri ni simulizi nzuri.

Ubaya niliuona nyumbani. Mtoto wa mama yangu mdogo, sasa ana miaka 22, alikuwa anakimbia vizuri sana sekondari. Mwembamba, mrefu, anatembea kama anaruka. Mwaka mmoja, kwenye maandalizi ya UMISSETA, akaanza kuumwa ugoko. Si maumivu ya mguu mzima, la, sehemu moja tu ambayo unaweza kuifunika kwa kidole gumba. Usiku inampwita. Kwa mnaojua mambo haya, maumivu ya namna hiyo ni mfupa unaoomba msamaha. Nyumbani akakandwa kwa maji ya moto, akachuliwa na mafuta, bibi akatoa dawa yake. Shuleni mwalimu wa michezo akamwambia, kwa nia njema kabisa, kwamba Akhwari alimaliza na goti limeteguka, wewe ugoko tu unakushinda?

Akakimbia ngazi ya wilaya. Akakimbia ya mkoa. Ya taifa hakufika, mfupa ulimaliza kazi yake kabla. Miezi minne hakukimbia. Aliporudi alikuwa anaogopa mguu wake mwenyewe, na mkimbiaji anayeuogopa mguu wake ameshakuwa mtu mwingine. Leo ana bodaboda mjini, na hana kinyongo. Nilipomuuliza mwaka jana kama anamlaumu yule mwalimu, akacheka. "Kaka, mwalimu alinipa alichonacho. Alikuwa na hiyo hadithi moja tu."

Jibu hilo sijaweza kulitoa kichwani. Mwalimu hakuwa na mtaalamu wa mifupa, hakuwa na barafu, hakuwa na kipimo cha kuonyesha ufa. Alikuwa na Mexico 1968. Angekuwa na Edinburgh 1970 pia, angalau angekuwa na ya pili ya kuchagua.

Na tazameni msimu wenyewe wa mtoto wa shule. Miezi kadhaa yuko darasani na shambani. Kisha mashindano ya shule, ya kata, ya wilaya, ya mkoa na ya taifa yanakuja yamefuatana, ndani ya wiki chache za katikati ya mwaka, mara nyingi peku au na raba za kuazima, na mtoto mwenye kipaji anawekwa kwenye mita 800, 1,500 na 3,000 siku hiyo hiyo maana shule inataka pointi. Mwili hauna pa kupumua. Tunasema tunatafuta vipaji, kumbe tunatafuta mifupa isiyovunjika.

Si kwamba majeraha ndiyo kila kitu. Filbert Bayi wa Karatu, aliyeiweka rekodi ya dunia ya mita 1,500 pale Christchurch mwaka 1974, alishikwa na malaria muda mfupi kabla ya Olimpiki ya Montreal 1976. Wakati wote dunia ilikuwa inasubiri akutane na John Walker wa New Zealand. Halafu Tanzania na nchi nyingi za Afrika zikasusia kwa sababu timu ya raga ya New Zealand ilizuru Afrika Kusini ya makaburu, kwa hiyo tukasahau ile malaria. Mbu alishaugusa msimu ule kabla ya siasa. Bayi alisubiri hadi Moscow 1980, akapata fedha ya mita 3,000 kuruka viunzi na maji. Miaka minne kusubiri, kwa mwanariadha, ni ndefu mno.

Na Juma Ikangaa alikuwa wa pili Boston mwaka 1988, 1989 na 1990. Watu wanamhurumia kwa kuwa wa pili mara tatu. Mimi naona kitu kingine: Aprili tatu mfululizo alifika mstari wa kuanzia akiwa mzima kiasi cha kukaribia kuwashinda wote. Katikati yake, Novemba 1989, akashinda New York kwa 2:08:01. Hizo ni marathoni nne kubwa katika miezi 24, na mwili ulikubali.

Turudi kwa Simbu. Rio 2016, wa tano. Sapporo 2021, kwenye ile Olimpiki ya Tokyo iliyocheleweshwa, wa saba, siku ambayo joto na unyevu viliwatoa barabarani wakimbiaji 30 kati ya 106. Birmingham 2022, fedha ya Jumuiya ya Madola. Paris 2024, wa 17, na nakumbuka mitandaoni walivyosema amekwisha, mzee huyo, apishe vijana. Desemba mwaka huo huo akakimbia Valencia kwa 2:04:38.

Kisha 2025. Tarehe 21 Aprili alikuwa Boston, akamaliza wa pili kwa 2:05:04. Tarehe 15 Septemba alikuwa Tokyo. Nimehesabu siku: 147. Ni wiki 21 kamili, Jumatatu hadi Jumatatu.

Zigaweni hizo wiki 21. Tatu au nne za kupumzika baada ya milima ya Boston, kumi na mbili hadi kumi na sita za maandalizi. Kinachobaki ni wiki moja, mbili, ukiwa na bahati sana sita. Ndani ya nafasi hiyo ndimo ilitakiwa itoshee kila mafua, kila msumari wa barabarani, kila lori linalokusukumia kwenye changarawe ukateleza na enka. Ule ufa wa ugoko wa mdogo wangu, ungempata Simbu mwezi Julai, Tokyo isingekuwepo. Dola 70,000 za dhahabu zisingekuwepo. Tusingeandika kitu, tungesema tu Simbu siku hizi haonekani.

Juzi mdogo wangu alinipakia kwenye bodaboda kunipeleka upande wa Ziwa Kindai. Nikamweleza hesabu hii ya wiki 21, mimi nyuma napiga kelele kwa sababu ya upepo. Akanyamaza mpaka tukafika. Akazima pikipiki, akauliza, "Na wewe unasema hapo katikati alipumzika wiki nne nzima? Bila mtu kumwambia kitu?"

Nikamwambia ndiyo, ndivyo wanavyofanya.

Akashika ugoko, pale pale pa zamani, akapasugua kidogo kwa kidole gumba. Kisha akanidai elfu mbili yake.